Monita Mpya, Kompyuta Kuukuu: Nafsi na Mwili katika Imani za Upareni

Miongoni mwa mifano ambayo watu wa zama hizi huitumia wanapojaribu kueleza uhusiano kati ya nafsi na mwili, umo ule wa kompyuta na kioo chake, unaodai kwamba mwili ni kioo tu, kwamba mtu mwenyewe yumo ndani mahali pasipoonekana, na kwamba kifo si zaidi ya kuzimika kwa kioo huku kilichomo ndani kikiendelea na shughuli zake. Ni mfano unaofariji, na pengine kwa sababu hiyohiyo hutumika bila kuchunguzwa. Uchunguzi unaofuata huenda ukaonekana wa kiufundi mno kwa mjadala wa dini, kwa kuwa unaangalia kinachotokea hasa pale monita mpya inapounganishwa na kompyuta ya mezani ya zamani. Lakini mtu akishachagua mfano hana budi kuukubali pamoja na mambo yake yote, yakiwemo yale ambayo hakuyajua wakati anauchagua.

Mahali panapofaa kwa uchunguzi huo ni Same na milima iliyo juu yake. Mji wa Same uko kwenye uwanda mkavu wa magharibi ya Milima ya Pare, kando ya barabara kuu itokayo Dar es Salaam kwenda Moshi na Arusha, na kwa kuwa mvua za kutoka upande wa bahari huishia zaidi kwenye misitu ya Chome na miteremko ya kilele cha Shengena, uwanda huo umeachiwa jua na vumbi, na vumbi ni adui wa kila mashine yenye feni. Katika stesheneri, yaani maduka madogo ya kuchapa, kudurufu na kujaza fomu za mtandaoni, na vilevile katika shule na ofisi, bado hupatikana kompyuta za mezani za mtumba zilizokwisha kufanya kazi ughaibuni kabla ya kupakiwa kwenye makontena. Baadhi yake zilikuja na monita za chogo, zile zenye mgongo mnene, na monita hizo zinapokufa hakuna anayetafuta nyingine ya aina hiyo, bali hununuliwa kioo bapa na fundi huitwa aviunganishe. Yafaa ikumbukwe pia kwamba mwaka 1974 serikali ya Tanzania ilipiga marufuku uingizaji wa kompyuta nchini, na kwa kuwa kizuizi hicho kilikuja kulegezwa miaka mingi baadaye, Watanzania wengi walizoeana na mashine hizi zikiwa tayari na kioo, wala hawakuwahi kuziona zile za mwanzo zilizopokea na kutoa habari kwa kadi na karatasi zilizotobolewa. Kioo, kwa maneno mengine, ni nyongeza iliyokuja baadaye, na jambo hili dogo litahitajika mbele.

Sababu ya pili ya kuichagua Same ni ya kidini. Kabla ya misheni, Wapare waliishi na wafu wao kwa namna iliyohitaji vitu vinavyoshikika: fuvu la mzee wa ukoo lilifukuliwa baada ya muda na kuhifadhiwa mahali patakatifu, ama pangoni ama katika kijisitu cha ukoo ambacho Upare ya Kaskazini hujulikana kama mpungi, na hapo ndipo walio hai walipokwenda kuzungumza naye, kumwomba radhi na kumpelekea sadaka. Mmisionari wa Leipzig aliyefanya kazi Mbaga, Jakob Dannholz, aliandika kitabu juu ya imani hizo kilichochapishwa Ujerumani mwaka 1916, na ingawa alikiandika kwa jicho la mtu aliyekuja kuzipinga, aliona vyema kwamba mzimu wa Mpare haukuwa moshi unaoelea popote, kwa kuwa ulikuwa na makazi, ukoo na madai.

Juu ya msingi huo yalikuja mafundisho manne ambayo hayakubaliani. Uislamu, uliopanda kwa njia za biashara kutoka pwani na kushika mizizi hasa Usangi na maeneo jirani, hufundisha kuwapo kwa barzakhi, yaani hali ya kati ambamo mtu aliyekufa hubaki tangu kufa kwake hadi siku ya kufufuliwa, akihojiwa na malaika Munkari na Nakiri, akiwa na utambuzi ingawa mwili wake umekwisha kuoza. Kanisa Katoliki, ambalo Jimbo lake la Same liliundwa mwaka 1977, hushikilia kwamba roho haifi na kwamba huhukumiwa papo hapo baada ya kifo, msimamo uliothibitishwa rasmi na Papa Benedikto wa 12 mwaka 1336. Walutheri wa Dayosisi ya Pare wamerithi mapokeo yenye pande mbili, kwa kuwa Martin Luther mwenyewe mara nyingi alikizungumzia kifo kama usingizi, huku wengi wa wafuasi wake wakirudi kwenye lugha ya roho iliyo hai mbele za Mungu. Waadventista Wasabato, ambao wamisionari wao Johannes Ehlers na A. C. Enns walifika Upare ya Kusini mwaka 1903 na kuanzia kazi Giti, wana fundisho kali kuliko yote: mtu hana roho kama kitu cha pekee kilichowekwa ndani yake, kwa sababu udongo na pumzi ya Mungu vikiungana ndipo anapokuwapo mtu, na vikitengana hayupo, hajui lolote, hangoji kwa uchungu wala kwa furaha, mpaka aitwe tena.

Si ajabu katika milima hii ukoo mmoja kuwa na Mwislamu, Mlutheri na Msabato, na wote wakasimama kwenye kaburi moja, kila mmoja akiwa na hakika tofauti juu ya mahali alipo marehemu. Adabu ya msiba huwazuia kubishana hapo, na ni vyema iwe hivyo. Lakini suala lenyewe halitoweki kwa sababu ya adabu.

Wanafalsafa nao wamelijadili kwa muda mrefu, na tangu mwanzo walihitaji vyombo vya kulielezea. Katika mazungumzo ya Plato yaitwayo Phaedo, Simmias wa Thebes anauliza kama nafsi haifanani na ulinganifu wa sauti za kinubi, ambao ni mzuri na hauonekani, lakini haudumu hata dakika moja baada ya nyuzi kukatika. Ibn Sina, tabibu na mwanafalsafa aliyefariki mwaka 1037, alikwenda upande wa pili kwa kumwazia mtu aliyeumbwa mara moja akiwa kamili, akielea hewani, macho yamefunikwa, viungo havigusani na kitu wala havigusani vyenyewe kwa vyenyewe, kisha akadai kwamba mtu huyo, asiyehisi chochote cha mwili wake, angekuwa bado na hakika kwamba yeye yupo. Naye Mmarekani William James, katika mhadhara alioutoa mwaka 1897 juu ya kutokufa kwa binadamu, alipendekeza kwamba huenda ubongo hauzalishi fikra bali huzipitisha tu, hivyo kwamba kuharibika kwa ubongo kunathibitisha kuharibika kwa njia, na si kwa kile kilichokuwa kikipita. Mfano wa kompyuta na kioo ni hoja ya James iliyovalishwa nguo mpya.

Basi na uangaliwe mfano wenyewe. Fundi anapoletewa kompyuta ambayo haitoi picha, jambo la kwanza analotaka kulijua ni kama mashine iko hai, na halipati jibu hilo kwenye monita. Hubonyeza kitufe cha Num Lock kwenye kibodi na kukitazama kitaa chake kidogo. Kikiwaka na kuzimika kwa kuufuata mkono wake, basi ndani ya lile kasha ambalo wateja huliita CPU kuna kitu kinachopokea na kujibu, hata kama kioo ni cheusi tii. Kompyuta za zamani zina pia lugha ya milio, na zile zenye programu ya kuanzishia ya kampuni ya Award hupiga mlio mmoja mrefu na miwili mifupi zinapogundua hitilafu katika kadi ya picha, yaani sehemu inayotengeneza kile kitakachopelekwa kwenye kioo. Mara nyingine hakuna hitilafu yoyote: mashine ina kadi ya picha iliyoongezwa, na mteja amechomeka waya kwenye tundu la ubao mama, ambalo katika kompyuta nyingi huzimwa pindi kadi hiyo inapokuwapo, kwa hiyo amekaa mbele ya mlango uliofungwa ilhali wa pili uko wazi sentimita chache chini yake.

Mpaka hapa mfano unawaunga mkono Ibn Sina na James. Ukimya wa kioo haukuthibitisha kwamba ndani hamna kitu, na aliyeamua hivyo kwa kutazama kioo peke yake amekosea. Hatua hii haina budi kutiliwa mkazo, kwa sababu imekwisha kuthibitika kwa binadamu na si kwa mashine tu. Mwaka 2006 Adrian Owen na wenzake walichapisha habari za mwanamke wa miaka 23 ambaye baada ya ajali ya gari alikuwa amelala macho wazi bila kuonyesha dalili yoyote ya kuelewa. Walipomweka ndani ya mashine inayopima mtiririko wa damu katika ubongo na kumwambia ajione akicheza tenisi, kisha ajione akitembea katika vyumba vya nyumbani kwake, sehemu za ubongo wake zilizoamka zilikuwa zilezile zinazoamka kwa watu wazima wa afya. Watafiti hao walifanya, kwa gharama kubwa zaidi, kile afanyacho fundi kwa Num Lock. Mzee aliyepigwa na kiharusi akapoteza kauli, ambaye jamaa wamekaa kando ya kitanda chake wakigawana mashamba yake kana kwamba hayupo, anastahili angalau mashaka ya namna hiyo kabla ya kuhesabiwa miongoni mwa wasiosikia.

Lakini mfano hauishii hapo, na sehemu inayofuata hawaitarajii wale wanaoupenda. Wao huchukulia kwamba picha imo tayari ndani ya kasha, kamili, ikisubiri kioo cha kuionyesha, jinsi roho kamili inavyodhaniwa kusubiri nyuma ya mwili. Hivyo sivyo mambo yalivyo. Tundu la zamani liitwalo VGA, ambalo kampuni ya IBM ililitoa mwaka 1987, lina nafasi 15 zilizopangwa katika safu tatu, na nafasi hizo hazifanyi kazi moja: tatu hubeba rangi nyekundu, kijani na bluu kwa umeme unaopanda na kushuka taratibu, nyingine mbili hubeba mapigo ya kuanzisha kila mstari na kila picha, na nyingine mbili, ya 12 na ya 15, hazibebi picha kabisa. Kupitia hizo kompyuta huiuliza monita wewe ni nani, na monita hujibu kwa maelezo mafupi ya baiti 128, yaani herufi 128 za lugha ya mashine, yanayotaja mtengenezaji wake, juma na mwaka ilipotengenezwa, upana na urefu wake kwa sentimita, na aina za picha inazoweza kuzionyesha. Maelezo hayo yamepangwa kwa namna ambayo baiti zote zikijumlishwa jumla lazima igawanyike kwa 256 bila kubakiza kitu, ili mashine ijue kwamba jibu halikuharibika njiani.

Baada ya jibu hilo tu ndipo picha ya kufaa inapotengenezwa. Monita ikisema kwamba inaweza nukta 1280 kwa 1024, kompyuta hutenga katika kumbukumbu yake nafasi ya nukta 1,310,720, ambayo kwa rangi za kawaida hufikia megabaiti 5, na kuijaza kwa kipimo hicho. Ikisema vingine, hutengenezwa picha nyingine, yenye mpangilio mwingine wa maandishi na dirisha. Ukitumika waya hafifu usio na pini zile mbili, kompyuta huzungumza na asiyemjua, nayo hushuka hadi kipimo cha tahadhari, na herufi hutokea zimenenepa na kuvutwa upande. Upo hata ushahidi wa kinyume: katika kompyuta zinazoachwa zifanye kazi bila monita, mafundi huchomeka plagi ndogo ya kudanganyia ambayo ndani yake hamna kioo wala taa, bali maelezo yale mafupi peke yake, na kadi ya picha iliyokuwa imelala huanza mara moja kuchora, mara 60 kwa sekunde, kwa ajili ya uso ambao haupo.

Kwa hiyo hakuna picha inayotangulia kioo, bali kuna uwezo wa kutoa picha, na uwezo huo huchukua umbo kwa kuufuata uso unaoukabili. Ikiwa mwili ni kama monita, basi upole wa mtu, ucheshi wake, namna anavyotembea akipanda mlima na kigugumizi chake anapokasirika si vitu vilivyokuwa vimekaa tayari katika roho vikisubiri kupitishwa, bali vilitokea katika kukutana kwa kilichomo ndani na mwili huu usio mwingine. Roho iliyovuliwa mwili inaweza kuendelea kuwapo kama kompyuta isiyo na kioo, mithili ya zile za mwanzo za kadi, inavyoendelea kuhesabu; lakini jamaa wanaotarajia kwamba huko iliko inatabasamu kwa tabasamu lilelile wanadai jambo ambalo mfano wao hauwezi kuwapa. Mtakatifu Thomas wa Akwino, ambaye hakuiona kompyuta, alilikiri hili katika karne ya 13 aliposhikilia kwamba roho ni umbo la mwili, maana yake kile kinachoufanya mwili uwe mwili wa binadamu, na kwamba roho iliyotengwa si mtu mzima. Ufufuo wa mwili katika imani ya Kikristo na ya Kiislamu unaonekana hapa kuwa na ulazima wake, na kuutaja kama pambo la mwisho tu, jinsi ufanywavyo mara nyingi, ni kuupunja.

Swali la monita mpya, yaani la mwili mpya wa ufufuo, linafuata. Vioo vingi vya leo havina tena tundu la VGA, bali la HDMI, ambalo hupokea tarakimu badala ya umeme wa kupanda na kushuka, na waya wa bei poa wenye ncha ya VGA upande mmoja na ya HDMI upande mwingine hauna msaada, kwa kuwa kuziunganisha ncha si kuzigeuza ishara. Inahitajika konveta, kifaa chenye moyo wake wa kielektroniki na umeme wake kupitia tundu la USB, ambacho hupima rangi zile nukta kwa nukta na kuziandika upya kwa tarakimu. Mtume Paulo, akiwaandikia Wakorintho juu ya mwili wa asili na mwili wa roho, alisisitiza kwamba huo wa pili ni wa namna nyingine na wala si ule wa kwanza uliofanyiwa ukarabati. Na kama ni hivyo, basi kati ya maisha haya na yale lazima pawe na kazi ya kugeuza, ambayo si kupachika tu. Waumini wengi huiruka hatua hii, na wanateolojia si wote walioikabili.

Fundisho la Waadventista lina nafasi yake katika mfano, ingawa si ile ya kompyuta inayowaka gizani. Kwao marehemu ni mashine iliyozimwa kabisa: hakuna programu inayokwenda, hakuna kinachohisi muda kupita, na kilichobaki ni maandishi kwenye diski, ambayo wao huyaweka katika kumbukumbu za Mungu, kwa kuwa ubongo wenyewe umekwisha kuwa udongo. Fundisho hili linakwepa vizuri tatizo la picha isiyo na kioo, kwani halidai chochote kinachoendelea bila mwili. Tatizo lake linatokea mahali pengine. Diski yaweza kunakiliwa, na nakala ikatiwa katika kasha jingine, na hata katika makasha mawili, nayo yote mawili yakaamka yakidai kuwa ni kompyuta ileile ya siku zote. Kama aliyefufuliwa atatengenezwa upya kutokana na kumbukumbu, ni kitu gani kitakachomfanya awe yuleyule aliyezikwa Suji au Kihurio, na si mwingine aliyefanana naye kwa kila kitu?

Wazee wa mpungi wasingeona ugumu huo, maana waliushika mfupa wenyewe na hawakuridhika na nakala. Na mteja wa stesheneri anayemsisitizia fundi kwamba ahamishe diski ileile, si nakala yake, ana hisia iliyo karibu na yao. Mwislamu na Mkatoliki nao wana roho inayodumu na kuufunga uzi kati ya kaburi na ufufuo, ijapokuwa bei wanayolipa ni ile ya kueleza roho hiyo inafanya nini wakati haina uso wa kuifanya izungumze. Mwadventista anaweza kujibu kwamba Mungu, tofauti na fundi, hatoi nakala mbili, na kwamba anayeitwa kwa jina lake na Yule aliyemuumba ndiye yeye kwa sababu ameitwa yeye. Jibu hilo halina kasoro ya kimantiki, lakini limeacha kutegemea kumbukumbu na sasa linategemea uaminifu wa anayeikumbuka, jambo ambalo hakuna waya wala pini katika mfano wote wa kompyuta inayoweza kulibeba.